Mali Bila Daftari

Mtu akiniuliza ninafanya kazi gani, humjibu kwamba ninatafuta picha za zamani. Baadhi ya majirani zangu hapa Temeke hudhani nina duka la kusafisha picha, na wengine huamini kwamba nanunua vyuma chakavu, maana wameniona mara nyingi nikitoka katika nyua za watu nimebeba deki bovu la video na boksi la mikanda yenye vumbi. Siwalaumu. Ni kazi isiyo na jina katika mtaa wetu, na hata wale wanaonilipa kila mmoja huiita kwa jina lake.

Kazi yenyewe ni hii. Mtu anatengeneza filamu ya makala, tuseme kuhusu Azimio la Arusha la mwaka 1967 au kuhusu Vita vya Kagera vya 1978 na 1979. Anao wazee wa kuwahoji, na maneno ya kusimulia anayo, lakini hana picha za tukio lenyewe, kwa sababu siku lilipotokea yeye alikuwa hajazaliwa. Hapo ndipo ninapoitwa. Naisoma hati yake mstari kwa mstari, naorodhesha kila mahali panapohitaji picha ya zamani, kisha naanza kuuliza. Nani alikuwapo siku ile na kamera? Alikuwa akimpigia nani? Mkanda ulikwenda wapi? Je, upo hadi leo, na uko katika hali gani? Mwenye mali ni nani, ili tumwombe ruhusa na tujue bei yake? Nikifanikiwa, naletewa nakala ya kutazamia tu, yenye nembo ya wenyewe katikati ya picha na saa inayohesabu sekunde chini yake. Mwenye filamu huchagua sekunde anazozitaka, mkataba ukatiwa sahihi, fedha zikalipwa, ndipo nakala safi inapotolewa.

Nimeifanya kazi hii kwa zaidi ya miaka 20, na imenifundisha kwamba picha hupotea kwa njia mbili. Njia ya kwanza kila mtu anaijua: mkanda unaoza, unaungua, unafutwa. Njia ya pili haisemwi sana. Mkanda upo, tena umetunzwa vizuri katika chumba chenye baridi, lakini hakuna anayejua waliomo ndani yake ni akina nani, wako wapi na wanafanya nini. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Walikuwa wakiwasema wafanyabiashara, lakini sijapata msemo mwingine unaoieleza kazi yangu vizuri zaidi ya huo.

Tuanze na mali yenyewe, iko wapi. Usiku wa kuamkia tarehe 9 Desemba 1961, bendera ya Uingereza iliteremshwa na ya Tanganyika ikapandishwa. Jambo hilo lilifanyika katika Uwanja wa Taifa, ambao sasa unaitwa Uwanja wa Uhuru, na uwanja huo uko hapa Temeke. Kutoka kwangu naweza kwenda kwa miguu. Picha za usiku ule ndizo huenda zimetumiwa kuliko picha nyingine zozote za historia ya nchi yetu: taa zinazimwa, zinawashwa, Mwalimu Nyerere anatabasamu, Mwanamfalme Philip amesimama na mavazi yake meupe. Lakini mtu akizihitaji leo kwa filamu yake, siendi uwanjani wala siendi mjini. Naandika barua London.

Sababu si ngumu kuielewa. Waliopiga picha zile wengi walitumwa na kampuni za habari za sinema za huko, ambazo kila wiki zilitengeneza gazeti la picha la kuonyeshwa katika majumba ya sinema. Mikanda ilipakiwa kwenye ndege, ikasafishwa kule, ikakatwa, ikawekwa rafuni. Sisi hatukuwa na televisheni. Zanzibar walitutangulia mbali, wakaanzisha televisheni ya rangi mwanzoni mwa miaka ya 1970, lakini Tanzania Bara haikuwa na kituo hata kimoja mpaka mwaka 1994, vilipoanza vituo vya watu binafsi, na televisheni ya taifa ikafuata mwaka 2000. Hesabu mwenyewe, msomaji: kuanzia Uhuru mpaka kituo cha kwanza ni miaka 33. Katika miaka hiyo serikali ilikuwa na vyombo vyake vya filamu, ikiwamo Kampuni ya Filamu Tanzania iliyoundwa mwaka 1968, na magari ya sinema yalizunguka vijijini yakionyesha kazi zake kwenye shuka nyeupe. Kazi njema ilifanyika. Lakini televisheni hupiga picha kila siku iendayo kwa Mungu, na mambo ya kawaida ya kila siku, ya sokoni, ya kituo cha basi, ya foleni ya sukari, kwetu hayakupata kamera ya kuyafuata.

Historia ya kupigwa picha na kutobaki na picha ni ndefu kuliko Uhuru. Kati ya mwaka 1935 na 1937, pale Vugiri katika milima ya Usambara, Waingereza wawili, Notcutt na Latham, waliendesha jaribio la kutengeneza sinema za kuwafundisha Waafrika. Walitengeneza sinema 35, wakazizungusha Afrika Mashariki na kwingineko. Zinazojulikana kubaki ni tatu, nazo ziko Uingereza. Tena wengi wanaopita kwenye Barabara ya Kawawa, pale Kinondoni, hawajui kwamba Mzee Rashidi Kawawa, kabla ya kuwa Waziri Mkuu mwaka 1962, alikuwa mwigizaji. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali ya kikoloni ilishirikiana na kampuni ya Johannesburg kutengeneza sinema za Kiswahili, naye akaigiza katika mojawapo iitwayo Muhogo Mchungu. Barabara yake tunaipita kila siku, na sinema yake vijana wengi hawajapata hata kuisikia.

Sitaki nieleweke kwamba wote waliopiga walikuwa wageni. Mohamed Amin alianzisha Camerapix yake hapa hapa Dar es Salaam mwaka 1963, akiwa kijana wa miaka 20 hivi, akapiga picha za Zanzibar na za Bara kabla ya kuhamia Nairobi na kujulikana dunia nzima kwa picha zake za njaa ya Ethiopia ya mwaka 1984. Alikufa mwaka 1996 katika ndege iliyotekwa na kuanguka karibu na Ngazija. Lakini hata mwenzetu huyo, ili aishi, ilimbidi auze picha kwa mashirika ya habari ya nje, na mkanda ulikwenda ulikonunuliwa. Kamera ilikuwa mkononi mwetu, rafu ikawa kwa mwingine.

Siku hizi watu huniambia, "Bwana, mbona kila kitu kipo kwenye mtandao?" Ni kweli kwamba mengi yapo. Mwaka 2014 kampuni ya British Pathé ilipandisha kwenye intaneti filamu zake 85,000, na mtu yeyote mwenye simu anaweza kukaa Mbagala akautazama usiku wa Uhuru. Hiyo ni neema, na mimi nimefaidika nayo sana. Lakini kutazama ni jambo moja, na kutumia ni jambo jingine. Ukitaka kuiweka picha hiyo katika filamu yako unalipa, tena bei huhesabiwa kwa sekunde, kwa nchi utakazoonyesha na kwa miaka utakayoitumia. Miaka ikiisha, unalipa upya. Wamarekani wenyewe yaliwakuta. Mfululizo wao mashuhuri kuhusu harakati za haki za Wamarekani weusi, uitwao Eyes on the Prize, ulioanza kuonyeshwa mwaka 1987, ulifika wakati katika miaka ya 1990 haukuweza kuonyeshwa tena kwenye televisheni wala kuuzwa upya, kwa sababu vibali vya picha na nyimbo vilikuwa vimekwisha. Ulirudi hewani mwaka 2006, baada ya fedha nyingi kupatikana. Ikiwa taifa tajiri kama lile lilishindwa kwa miaka kadhaa kuitazama historia yake kwa ajili ya karatasi, basi mtengenezaji filamu wa Kinondoni mwenye kompyuta moja na deni la kodi ya pango atafanya nini?

Hata hivyo fedha si jambo linalonisumbua zaidi. Nitaeleza lililonisumbua.

Miaka kadhaa iliyopita nilipewa kazi ya kutafuta picha za wanawake katika harakati za kudai Uhuru. Kila anayeijua historia ya TANU anajua kwamba Bibi Titi Mohamed alipoanza kuwahamasisha wanawake mwaka 1955, alipita katika vikundi vya ngoma, na wanawake wa lelemama wakawa askari wa chama kabla wanaume wengi hawajathubutu kukata kadi. Nikaandika huku na huku, na maktaba moja ya filamu ya Ulaya ikaniletea kipande cha sekunde 40 hivi, kisicho na sauti. Wanawake kama 20, wamevaa kanga za sare, wanacheza mbele ya nyumba ya makuti. Mmoja anazunguka na mkoba. Kadi iliyokuja na kipande hicho ilikuwa na maneno machache: wanawake wenyeji wakiburudisha wageni kwa ngoma, Dar es Salaam, 1961.

Nikakihamishia kwenye kompyuta yangu ya mkononi, nikaanza kuzunguka. Hii ndiyo sehemu ya kazi ambayo haiwezi kufanywa na mtu aliye London, hata awe hodari vipi. Nilimwendea mzee mmoja wa Magomeni, akanipeleka kwa mwingine wa Tandika, na huyo wa Tandika akasema, "Jambo la ngoma za wanawake usituulize sisi. Nenda Keko, kuna bibi mmoja pale, kama bado anaona atakwambia."

Bibi alikuwa amekaribia miaka 80, na alikuwa akiona vizuri kuliko mimi. Nilimkuta barazani anachambua mchele.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mwanangu. Karibu. Umetoka kwa nani?"

Nikamtajia niliyetumwa naye, nikaeleza shida yangu, nikaiweka kompyuta juu ya kigoda. Alitazama mara ya kwanza bila kusema neno. Mara ya pili akaweka ungo chini. Mara ya tatu akasema, "Rudisha nyuma kidogo, mwanangu. Hapo. Msimamishe huyo."

Aliyesimamishwa ni msichana mrefu wa mstari wa pili, aliyegeuza uso kidogo kama aliyeitwa na mtu wa pembeni. Alikuwa dada yake wa tumbo moja, aliyefariki mwaka 1974. Bibi hakuwa na picha yake hata moja. Ilikuwapo moja, akasema, ikachukuliwa na mume wa marehemu, naye mume akahamia bara, habari zikaishia hapo.

Baada ya kunyamaza kwa muda akaanza kunisomea kile kipande kama mtu asomaye barua. Akawataja wanawake wanne kwa majina yao na ya baba zao. Akakitaja kikundi, akasema sare ile ya kanga walichangiana kuinunua kwa duka moja. Pahali pale si mjini, ni Temeke, na ule mkungu unaoonekana nyuma ulikatwa ilipopanuliwa barabara. Mwaka si 1961, kwa sababu yeye aliolewa mwaka wa Uhuru na siku ile alikuwa bado mwali, amekatazwa kucheza, amesimama upande ambao kamera haikufika. Ndiye aliyemwita dada yake.

"Na wageni waliokuwa wakiburudishwa ni akina nani, bibi?" nikamuuliza.

Akacheka. "Mgeni gani? Huyo mzungu mwenye kamera alitukuta. Huoni mkoba? Ile ni michango ya chama. Tulikuwa kazini, mwanangu."

Nimekuwa nikiyafikiri maneno hayo tangu siku ile. Mkanda ule ulikuwa umetunzwa kwa zaidi ya nusu karne, bila mkwaruzo, katika joto lililopimwa, na watu waliosomea kazi hiyo. Hata hivyo ulikuwa ukisema uongo. Wanawake waliokuwa wakikusanya senti za kuing'oa serikali ya kikoloni walikuwa wameandikwa kwamba wanawachezea wageni. Na kila mtu aliyekuja kuutafuta kwa neno "siasa" au "TANU" hakuupata, kwa kuwa kadi ilisema ngoma. Ulikuwapo, lakini ni kama haukuwapo. Uliobakia kuwa daftari la mali ile ulikuwa kichwa cha mwanamke mmoja wa Keko mwenye karibu miaka 80.

Nilipokuwa nikiaga, bibi akaniomba nimwachie ile picha, amwonyeshe mjukuu wake aliyepewa jina la marehemu. Mkataba wangu haukuniruhusu kumwachia mtu nakala ya kutazamia. Nikaandika barua kwa maktaba ile, nikawaeleza yote, majina, mahali, mwaka na mkoba, nikaomba nakala moja ya nyumbani. Walijibu kwa heshima. Kadi yao waliisahihisha ndani ya wiki moja. Kuhusu nakala, waliniletea orodha ya bei, na bei ya chini kabisa ilizidi anachopata bibi kwa mwaka mzima kwa kupangisha vyumba viwili vya uani.

Sikuwakasirikia sana, maana na wao wana umeme wa kulipa na mishahara ya kutoa. Lakini niliona pana jambo halikukaa sawa. Maktaba ilipata bure kutoka kwa bibi kitu ambacho kiliipandishia thamani mali yake, na bibi akaambiwa anunue uso wa dada yake. Nilimweleza hivyo mwenye filamu, naye akaliingiza jambo hilo katika mazungumzo ya mkataba mkubwa, akasema halipi sekunde hata moja mpaka nakala ya familia iwemo. Ikakubaliwa. Ilichukua miezi mitano. Bibi alikuwa hai, na mjukuu aliitazama picha ile kupitia simu yake mwenyewe, akiwa amekaa miguuni pa bibi yake. Tangu siku hiyo kila mkataba ninaousimamia una kifungu kidogo: atakayemtambua mtu katika picha, au kuieleza picha kwa namna iliyobadilisha kadi, apewe nakala. Wengi hukubali. Inaonekana hakuna aliyekuwa amewaomba.

Picha isiyo na maelezo inaweza kudhuru zaidi ya hapo. Mwaka 1966 Waitaliano wawili, Jacopetti na Prosperi, walitoa sinema yao iitwayo Africa Addio. Ndani yake mna picha za Zanzibar za Januari 1964, zilizopigwa kutoka angani, zikionyesha watu wakikimbia na miili ya waliouawa. Karibu kila anayetaka kutengeneza filamu kuhusu Mapinduzi huniuliza habari zake, kwa kuwa picha nyingine za namna hiyo hazijulikani. Sinema yenyewe imelaumiwa kwa miaka mingi kwa jinsi inavyowadharau Waafrika, na watengenezaji wake walituhumiwa kupanga baadhi ya matukio ya sehemu nyingine ya sinema hiyo kwa ajili ya kamera, tuhuma ambazo walizikana. Basi mtu afanye nini? Akizitupa, anawanyima marehemu ushahidi pekee wa kamera. Akizitumia kimya kimya, anaingiza nyumbani mwetu jicho la mtu aliyekuwa akitazama kwa dharau, tena kutoka mbali. Mimi humshauri mwenye filamu aseme waziwazi ndani ya filamu yake: nani alipiga, akiwa wapi, na maneno yaliyowekwa juu ya picha yalikuwa ya nani. Mtazamaji si mtoto. Akipewa daftari, atapima mwenyewe.

Sasa nirudi nyumbani, maana ningekuwa mnafiki kama ningezisema rafu za Ulaya nikaziacha za kwetu. Nimesema kwamba Bara hatukuwa na televisheni mpaka mwaka 1994. Lakini kamera za video zilikuwapo, na kuanzia miaka ya 1980 zilianza kupiga harusi. Mkanda wa harusi ya Mwananyamala au ya Chang'ombe ni wa saa tatu, na nusu yake ni watu wakila. Ndugu wa bwana harusi huutazama mara mbili, kisha unawekwa juu ya kabati. Mimi nautazama kwa jicho jingine. Nyuma ya bibi harusi anayeshuka kwenye gari kuna barabara. Juu ya barabara kuna basi la UDA aina ya Ikarus, lile refu lenye kiungo katikati. Kuna bango la duka, kuna mwanamke anayeuza maandazi, kuna vijana na mitindo yao ya nywele, kuna nyumba ambayo leo ni ghorofa. Mtu akiniomba picha za Dar es Salaam ya mwaka 1988 jinsi ilivyokuwa siku ya kawaida, siandiki barua London. Navuka kwenda Kinondoni kwa wazee waliokuwa wapiga video wa harusi.

Hao ndio wenye hifadhi yetu, na hawajui. Mmoja wao alikuwa na mikanda zaidi ya 300 chini ya kitanda. Alikuwa, nasema, kwa sababu nyumba yake ilikuwa bondeni, na mafuriko ya Desemba 2011 yalipolijaza bonde la Msimbazi, maji yaliingia mpaka kwenye madirisha. Alisalimika yeye na familia yake, tukamshukuru Mungu, na hakuna aliyethubutu kumtajia mikanda katika msiba ule. Wengine hawakuhitaji mafuriko. Mkanda wa VHS katika joto na unyevu wa Pwani huota ukungu mweupe kama unga wa muhogo. Filamu za zamani za aseteti zikianza kuoza hunuka siki, na ukishaisikia harufu hiyo ujue umechelewa, hujachelewa kabisa. Halafu kuna wale waliorekodi mechi ya mpira juu ya harusi ya wazazi wao, kwa sababu mkanda mpya ulikuwa ghali. Na hata mkanda mzima unahitaji mashine. Kiwanda cha mwisho duniani kilichokuwa kikitengeneza deki za VHS kiliacha mwaka 2016. Ndiyo maana majirani huniona nikibeba mashine mbovu: katika tatu mbovu, fundi wangu wa Tandika hutoa moja nzima.

Mtu asidhani kwamba kutunza ni kazi ya matajiri peke yao. BBC wenyewe, katika miaka ya 1960 na 1970, walifuta na kutupa mamia ya vipindi vyao ili mikanda itumike tena na rafu zipate nafasi. Mwaka 2013 ilitangazwa kwamba sehemu tisa zilizopotea za kipindi chao maarufu, Doctor Who, zimepatikana. Zilikuwa wapi? Katika kituo cha televisheni cha Jos, Nigeria. Zilipelekwa huko zamani ili zionyeshwe, zikaonyeshwa, zikawekwa rafuni, na hakuna aliyezitupa. Kilichopotea London kilikuwa salama Jos. Habari hiyo huwasimulia vijana wanaokuja kujifunza kazi hii kwangu, wakianza kunung'unika kwamba hatuna vyumba vya baridi. Vyumba vya baridi tuvidai, na serikali tuikumbushe wajibu wake. Lakini hatua ya kwanza ni kutotupa, na ya pili ni kuandika.

Kuandika hakuhitaji umeme. Kama una mkanda nyumbani, msomaji, au picha za simu za msiba wa baba yako, chukua kalamu na daftari la shule. Andika mwaka, mtaa na shughuli. Kisha wataje watu, kuanzia kushoto kwenda kulia, kwa majina yao kamili na si "mama fulani" peke yake, kwa kuwa mama fulani wako wengi. Andika aliyepiga. Andika na jambo ambalo kamera haikuliona, kama mchango ulikuwa wa nini, au nani aliyesimama pembeni akamwita dada yake. Usingoje mwenye kazi kama yangu aje, kwa maana tuko wachache. Tena mwulize bibi yako wakati bado anaweza kusema, "Rudisha nyuma kidogo."

Bibi wa Keko alifariki baada ya kunisomea vipande saba. Katika boksi langu vimebaki 11 ambavyo nilikuwa nimevipanga nimpelekee. Ni safi kabisa, na picha yake haina doa. Nimekwisha kuvionyesha Keko yote, Chang'ombe, Mtoni mpaka Mbagala, nikavuka na kwenda Magomeni na Msasani. Watu huvitazama, husema ni vizuri sana, kisha huniuliza hao ni akina nani.